Gwaride Lililopita Uani kwa Mama Yako

Zaina mwanangu,

Umetoka na shangazi yako Feza kwenda kusukwa nywele, na kwa jinsi ninavyomjua msukaji wenu, hamtarudi kabla jua halijaanza kushuka. Kwa hiyo ninaandika sasa, mchana, dirisha likiwa wazi, maana umeme tulioahidiwa wiki hii sijauona, na macho yangu hayapendi tena taa ya mafuta. Kesho asubuhi tunakwenda uwanja wa ndege, Bangboka. Barua utaisoma ndani ya ndege, au Kinshasa, au utaiacha mpaka ufike Ubelgiji. Hiyo ni juu yako.

Mambo ya koti la baridi, ya kutokula kwa mtu usiyemjua, ya kuandika ukifika, Feza amekuambia tangu Jumapili na ataendelea mpaka wamfukuze uwanjani. Mimi nina jambo moja tu la kujibu. Uliniuliza jana, sahani ya pondu ya majani ya muhogo ikiwa mbele yako, na mimi nikasimama nikaenda kuangalia kama mbuzi wa jirani ameingia uani. Hakukuwa na mbuzi.

Ulisema, "Papa, unipatie ile film. Iko naoza. Kule batatengeneza copie, kisha nitakurudishia."

Nikasema, "Ile hapana."

"Juu ya nini hapana?"

"Juu ya Bangboka."

"Bon. Basi iozee humu ndani. Mama hana picha ingine yenye kutembea, unajua. Hana."

Halafu ukala pondu yako yote bila kuniangalia, kama mama yako alivyokuwa akila akikasirika: polepole, mpaka chembe ya mwisho.

Najua hana nyingine. Nimeijua habari hiyo kabla hujajua kusema. Lakini kisa chote hujawahi kukisikia kwa mpangilio. Umekipata vipande vipande, kipande kwa Feza, kipande kwa jirani, kipande kwangu siku ambazo nilikuwa sina raha. Unakwenda kujifunza kazi ya kukata na kuunga filamu, basi acha nikupe hiki kikiwa kimeungwa.

Ulipozaliwa nilikuwa mpiga filamu wa ofisi ya habari ya hapa mjini. Kazi yangu ilikuwa sherehe. Viongozi wakifika, viongozi wakiondoka, viongozi wakifungua daraja ambalo watu walikuwa wameshalivuka mwaka mzima. Jumamosi, siku ya salongo, walikuwa wanakuja kufyeka majani na wananchi. Nilikuwa nawaambia, "Citoyen, inua jembe kidogo, uso huku." Walikuwa wanainua. Nikizima kamera wanarudi garini, na majani yanabaki kwa wenyewe.

Ukifanya kazi hiyo miaka, unachoka kumwambia mtu inua hiki, geuka huku. Kwa hiyo vipande vya filamu vilivyobaki nilikuwa naleta nyumbani, naweka kamera kwenye miguu yake, naiacha iangalie. Nilijiwekea masharti. Simwambii mtu kitu. Sisogezi kamera. Sikati. Nilipiga baiskeli za mtaa wetu wa Kabondo zikipita kwenye dimbwi lile lile, mvua ikianza juu ya bati, na mto ukipita na yale majani yanayoelea tunayoyaita congo ya sika, asubuhi nzima, hakuna kitu kingine. Wenzako wa huko Ubelgiji wana jina la filamu za namna hiyo, wanasema ni za majaribio. Hapa mtaani zilikuwa na jina pia: filamu za Papa Zaina zisizoanza.

Tonton Ramazani, jirani yetu, ndiye aliyelitunga. Niliwaonyesha ya congo ya sika hapa uani, shuka ya mama yako ikiwa ukutani. Watu wakakaa. Majani yakapita, yakapita. Tonton akainama kwangu.

"Papa Zaina, donc, inaanza saa ngapi?"

"Ilishaanza, tonton."

"Ilianza? Na miye nilikuwa wapi?"

Uani kote walicheka, na mama yako alicheka kuwapita wote. Usiku huo aliniuliza kwa nini ninaukamata mto ambao uko pale kila siku. Nilimpa jibu refu. Alilala katikati yake.

Sasa uzi. Bobini ya filamu ikishapigwa picha haina tofauti kwa nje na ile mpya, zote ni makopo ya bati. Ulaya wanabandika karatasi yenye gundi. Hapa kwetu msimu wa mvua gundi haishiki, karatasi inaanguka, unabaki na makopo yanayofanana. Mama yako ndiye aliyepata dawa. Kila kopo nililomaliza alilifunga uzi mwekundu wa kushonea. Uzi hauanguki. Ikawa desturi ya nyumba: ninamkabidhi mkononi, namwambia "hii imejaa," anafunga. Makopo yenye uzi yanaingia kwenye kifurushi, yanapanda ndege kwenda kusafishwa Ulaya, yanarudi baada ya miezi. Tulikuwa watu wa kuona mambo yakiwa yameshapita.

Siku ambayo Mkuu wa nchi alikuja Kisangani, alishukia Simi-Simi, maana Bangboka haikuwapo bado. Nilitetemeka tangu alfajiri. Ndege ikasimama, mlango ukafunguka, wachezaji wa animation, wale wa ngoma za chama, wakaanza kuimba na kukata viuno, na mimi nikapiga, nikapiga, mpaka askari mmoja akanigusa ubavu: "Citoyen, kifuniko!" Nilikuwa sijatoa kifuniko cha lenzi. Mwanzo wote wa sherehe niliupiga gizani. Nikakitoa, nikaendelea, bobini ikaisha. Nilifika nyumbani shati limenigandia mgongoni, nikalitia kopo kwenye kikapu, nikalala. Sikumkabidhi mama yako. Sikumwambia kitu.

Kesho yake ilikuwa siku tulivu. Nilichukua kopo kikapuni, halina uzi, maana yake ni jipya, nikalitia kwenye kamera, nikaielekeza uani. Mama yako alikuwa anatwanga pondu, wewe uko mgongoni. Hilo ndilo kosa lote, Zaina. Hakuna jingine. Walionihoji baadaye walitaka njama, na mimi nilikuwa na uzi tu.

Bobini iliyokwisha, ukiirudisha kwenye kamera, inaingia kwa mkia, mwisho ukitangulia. Utafundishwa hilo mwezi wa kwanza. Kwa hiyo gwaride lote la Simi-Simi lilikuwa limelala chini ya picha ya ua wetu, vichwa chini, na lilikuwa linarudi nyuma. Mimi sikujua. Nilimkabidhi mama yako kopo, akafunga uzi, na lile jingine kikapuni, lililokuwa tupu, nikampa pia nikiamini ndilo la Simi-Simi. Akafunga mawili.

Makopo yakaenda. Katikati ya hapo mama yako akashikwa na homa. Hayo sitayaandika, Feza alikusimulia vizuri kuliko mimi. Alikufa filamu ikiwa bado Ulaya.

Kifurushi kiliporudi kilikwenda moja kwa moja ofisini, na mkurugenzi alikuwa na haraka ya kuona Simi-Simi. Alimwita katibu wa chama, akaita hata mpiga chapa. Bobini ya kwanza ilikuwa nyeusi mwanzo hadi mwisho. Nikaanza kueleza mambo ya joto na safari. Wakaweka ya pili.

Aliingia mama yako. Alikuwa mzima, amefunga kitambaa cha kijani, anatwanga. Na ndani yake, juu yake, ndege ya Mkuu ilikuwa inaning'inia kwa magurudumu. Wachezaji walikuwa wanakata viuno, miguu imeelekea mbinguni. Mkuu mwenyewe, na kofia yake na fimbo yake, alikuwa anatembea kinyumenyume kichwa chini kurudi kwenye ndege, na kila mchi uliposhuka ulishukia katikati ya wakubwa. Mpiga chapa alicheka. Mara moja tu, halafu akaziba mdomo. Mkurugenzi akachomoa waya wa projekta ukutani, sinema ikafa katikati.

Watu wanafikiri siku hiyo niliogopa. Sikuogopa. Nilikuwa namwona mke wangu akitembea wiki chache baada ya kumzika, mbele ya katibu wa chama, na nilijua kwamba nikilia wataniuliza ninalia kwa ajili ya nini. Basi sikulia. Nikasimama hivyo. Nadhani sikukaa tena chini baada ya pale, kama unanielewa. Watu wananiuliza hata leo, Papa Zaina, mbona huna furaha, mbona huna hasira. Sina. Nikitazama ndani mwangu ninaona ile bobini ya kwanza.

Walinishika, wakanihoji. "Nani alikutuma kumugeuza Mukubwa kichwa chini?" Nikawaeleza habari ya uzi. Wakaniuliza tena. Nikawaeleza tena habari ya uzi. Mwisho nadhani niliwachosha. Kazi ikaisha, na mkurugenzi akaniamuru nichome filamu ile mwenyewe nyuma ya ofisi. Alisimama mbali, hakutaka hata moshi umguse. Nilichoma ile nyeusi. Mbili zote zinanuka sawa zikiungua.

Mengine unayajua, umeishi ndani yake. Ninapiga picha za karte, za vitambulisho, kwa watu wa Kabondo: uso mbele, usicheke. Filamu nikaificha ndani ya bidoni la mchele, kwa kuwa mchele mkavu unanyonya unyevu, na kila msimu wa mvua ukianza nikabadilisha mchele. Ule wa zamani tuliula. Ulikuwa unalalamika una harufu ya dawa, na mimi nikakuambia ni mchele wa Bumba, ndivyo ulivyo.

Ulikuwa bado mtoto nilipokuonyesha, mara ile moja, madirisha yamefungwa. Ulicheka sana watu wanaotembea kwa vichwa. Halafu ukaniuliza, "Mama iko wapi?" Hukuweza kumwona. Nilikwenda ukutani nikafuata mkono wake kwa kidole changu mpaka ukamtofautisha na umati. Siku nyingine baadaye taa ya projekta ikafa, na taa ya namna hiyo haipatikani mjini hapa.

Sasa unataka kuibeba, na una haki. Asubuhi, mlipotoka, nilifungua bidoni. Inanuka siki. Kingo zimeanza kujikunja. Ulisema kweli, inaoza, na mimi nilikuwa najua tangu mwaka jana nikajifanya sisikii harufu.

Lakini Bangboka wanafungua kila kitu. Mtoto wa Tonton Ramazani walimtoa kwenye mstari kwa sababu ya gazeti alilofungia viatu, kwa kuwa sura ya Mkuu ilikuwa kwenye soli. Walimrudisha mjini, na nafasi yake ya masomo ikaenda kwa mwingine. Hivyo ni viatu tu. Wewe wakiinua filamu yako dirishani, watamwona Mkuu ananing'inia kwa miguu. Hutawaeleza habari ya uzi. Mimi nilishajaribu.

Nilikaa nayo mezani mpaka chai yangu ikapoa. Picha mbili zimelala kwenye ngozi moja, huwezi kutenganisha. Ukimkata Mkuu unamkata na mama yako. Nilikuwa nimeshaanza kuirudisha ndani ya mchele nilipokumbuka kifuniko.

Mwanzo wa gwaride ni giza, nimekuambia, lenzi ilikuwa imefunikwa. Na kwa kuwa bobini iliingia kwa mkia, mwanzo wa gwaride ndio mwisho wa ua wetu. Hapo hakuna ndege, hakuna wachezaji, hakuna Mkuu. Hapo mama yako yuko peke yake na wewe. Ni kipande kifupi, ukikinyoosha hakiwezi kuvuka chumba hiki. Siku ile nilipokuonyesha ulikuwa umeshalala kwenye mkeka kabla hatujakifikia, nikakuacha ulale. Kwa nini sikukuamsha sijui. Nafikiri nilitaka kiwe changu.

Nimechukua makasi ya Feza ya kukatia vitambaa vya liputa, na nimekata.

Miaka yote sijakata filamu hata moja. Nilikuwa najivuna nayo. Niliwaambia vijana waliokuja kunisikiliza kwamba anayekata anamwingilia mtu maneno, na kwamba mwenye heshima anaacha kamera ikimbie mpaka iishe yenyewe. Yalikuwa maneno mazuri na bado nusu ninayaamini. Kule watakufundisha mahali pa kukata, na watakuwa na sababu nzuri kuliko zangu. Mimi ninapajua mahali pamoja tu, na nimepata kupajua leo.

Kipande nimekikunja ndani ya kile kikopo cheusi cha filamu za picha za karte, pamoja na picha zako za pasi. Sikukificha. Wakikifungua, wakakiinua kwenye mwanga, wataona mwanamke anatwanga na mtoto. Wanaye mwanamke kama huyo kila mmoja nyumbani kwake. Iliyobaki imerudi kwenye mchele, na itakuwa itakavyokuwa. Usinikasirikie kwa hiyo, au nikasirikie, lakini ukiwa umeshafika.

Sasa nisikilize, maana filamu haina sauti na waliosikia siku ile ni wawili tu, na mmoja amekwenda.

Ukikiweka kwenye mashine yao, utamwona anaacha kutwanga. Ameshakutoa mgongoni, umekaa chini karibu na kinu, umeshika kitambaa chake, unalia. Nilikuwa nimemkataza asiiangalie kamera, na bobini nzima ametii, ametwanga kama sipo. Hapo anainua uso. Ananiangalia mimi, na utaona ni kama anakuangalia wewe. Mdomo unafunguka. Anasema hivi:

"Weka hiyo machine chini, ukamate mutoto."

Hakuwa na hasira. Alisema kama mtu anayeomba apewe chumvi.

Sikuweka. Hiyo ndiyo sababu kipande kipo, Zaina. Nilikuwa na furaha kwamba hatimaye nimepata kitu kizuri, uso wake umeelekea kwangu, nuru iko sawa, na sikutaka kugusa chochote. Nilisubiri mpaka kamera ikasimama yenyewe. Ndipo nikaja nikakuinua, na ulikuwa umeshanyamaza. Mama yako alirudi kwenye kinu. Tulikula pondu. Hakukutokea baya lolote siku ile, ilikuwa siku nzuri kabisa, na ndiyo ninayoirudia.

Sitakuambia usipige filamu. Utapiga, na utakuwa bora kuliko mimi, maana una ukaidi wa mama yako. Nimependa kuangalia, na nadhani mtu aliyeangaliwa vizuri amepata kitu. Lakini mimi nilizoea kusimama nyuma ya lenzi hata wakati ambapo kulikuwa na mtu anangoja mikono yangu, na baadaye, nilipotaka kutoka pale, sikuiona tena njia. Wewe ulikua na baba ambaye alikuwa anakutazama sana. Sijui kama ni sawa na kuwa na baba. Ungeniambia siku moja, ukipenda.

Unaona naandika haya yote na mkono hautetemeki. Nilidhani leo nitasikia kitu. Feza amelia tangu juzi, hata Tonton Ramazani alijipangusa jicho akasingizia moshi. Mimi nimekunja mashati yako, nimefunga sanduku kwa kamba, nimeandika barua, na ndani kumetulia tu. Usifikiri ni kwa sababu sikupendi. Nakupenda, naandika neno hilo hapa kwa wino kwa sababu mdomoni litanishinda kesho. Kwangu mambo yanakwenda safari ndefu kabla ya kuonekana, kama makopo yetu ya zamani. Utakuwa umeshazoea baridi ya huko siku nitakapokaa hapa uani nikagundua umeondoka.

Jambo la mwisho, halafu nifunge, maana nasikia sauti ya Feza barabarani anabishana na mtu wa baiskeli.

Nina bobini moja mpya. Niliiweka kwa ajili ya kesho. Juma lililopita nilikwenda Bangboka bila kukuambia, nikatafuta mahali: kando ya uzio, karibu na matangi ya mafuta, ambapo ndege ikigeuka unaiona yote mpaka inaingia mawinguni. Ningeweka kamera pale nisiiguse. Ingekuwa filamu nzuri sana, najua, nimeshaiona kichwani.

Kamera iko chini ya kitanda. Springi yake sikuikaza.

Kesho sanduku lako nitalibeba mimi, usimpe Feza. Nitakwenda nalo mpaka pale watakaponizuia. Ukifika juu ya ngazi, geuka. Kutakuwa na watu wengi wenye kupunga vitambaa, lakini utanitambua: sitakuwa na kitu mbele ya uso.

Papa yako,
Kabondo